Sura ya Saba: Mkaa wa Pasi

Kijiti kilikuwa kimesimama tena.

Mpelelezi wa mahakama ya ardhi alikiona kabla hajashuka garini. Kilikuwa katikati ya mahindi ya chuo, fimbo nyembamba iliyomenywa gome, na juu yake kitambaa cheupe chenye upana wa vidole viwili. Hakukuwa na upepo. Kitambaa kilining'inia kimya, kama mtu aliyeitwa kutoa ushahidi akasahau alichokuja kusema.

Vibarua walikuwa wamesimama pembeni na majembe yao. Shamba zima lilikuwa limepaliliwa isipokuwa mstari ule mmoja, ambao magugu yake yalifika magotini. Mpelelezi aliuliza kwa nini. Wakaangaliana, kila mmoja akimtegea mwenzake, mpaka mama mmoja mnene aliyefunga kanga kiunoni akajitolea.

"Marehemu anakagua mpaka wake," alisema. "Mpimaji hastaafu, mama. Hata akifa."

Wengine walicheka kidogo, kicheko cha kukohoa. Hakuna aliyeinua jembe.

Walimweleza kwamba jambo hilo lina wiki mbili sasa. Asubuhi kijiti kipo. Mkuu wa chuo anakuja, anaking'oa, anakivunja gotini na kukitupa. Kesho yake kipo kingine, palepale. Nyayo hakuna. Mama mnene alisema mtu mwenye miguu huacha nyayo, na akaishia hapo.

Mpelelezi aliingia kwenye mahindi peke yake. Alichuchumaa. Udongo ulikuwa umefagiliwa kwa tawi. Michirizi ilikuwa bado mibichi. Shina la kijiti lilikuwa limechongwa mapigo matatu, si zaidi, na kimesimama wima kiasi kwamba alipofunga jicho moja hakuona kikipinda upande wowote. Mtu wa kutisha watu huchomeka fimbo akakimbia. Huyu hakuwa na haraka. Mpelelezi aliandika hayo yote kwenye kijitabu chake, akaacha kijiti kama kilivyo.

Alikuwa na siku hiyo moja tu. Kesho yake saa sita mchana taarifa yake ilitakiwa iwe mezani kwa msajili wa mahakama, na Jumatatu hakimu angesoma hukumu.

Kesi yenyewe haikuwa ngumu kuieleza. Sheria inasema chuo binafsi cha kilimo hakisajiliwi mpaka kiwe na ekari hamsini za shamba la mafunzo, kipande kimoja, kisichokatwa na shamba la mtu. Baraza la vyuo lilikuja, likapima, likapata ekari arobaini na tatu, likakataa. Mwaka uliofuata chuo kikaenda mahakamani kikiwa na hamsini kamili. Kilieleza kwamba hesabu ya kwanza ilikosewa kwa sababu upande wa mashariki ulikuwa kichaka na hakuna aliyeyafikia mawe ya mpaka. Sasa kichaka kimefyekwa, mawe ya bikoni yanaonekana, njooni muone.

Mjane aliyekuwa jirani alisema zile ekari saba ni zake. Mumewe, mpimaji ardhi, ndiye aliyezipima miaka thelathini iliyopita, na amezikwa ndani yake. Ramani ya ofisi ya ardhi ingemaliza ubishi, lakini mchwa walikuwa wameitangulia mahakama. Kuhusu kaburi, wakili wa chuo alisimama akasema kaburi si bikoni. Watu walicheka mahakamani. Mjane hakucheka.

Chuo kilikwisha kuchora mahali pa kujenga kitalu kikubwa cha miche. Kwenye mchoro ule kaburi halikuwapo.

*

Mkuu wa chuo alifika akitembea haraka, suruali imechomekwa kwenye buti. Alikuwa mtu mchangamfu, mwenye tabia ya kumshika mgeni kiwiko. Alikitazama kijiti kwa jicho la pembeni, akasema hizo ni mbinu za yule mama wa jirani. Mpelelezi alimuuliza usiku ni nani huwa shambani. Mkuu akajibu kwamba ni mlinzi peke yake, na mlinzi mwenyewe ni mwoga kuliko kuku. Tangu vijiti vianze haendi tena upande ule.

Walitembea hadi bikoni ya kwanza. Lilikuwa jiwe la saruji lililofika gotini, lenye namba iliyochongwa na kuvu la kijani la miaka mingi. Mpelelezi alipitisha kidole juu ya namba. Halikuwa jiwe la kughushi. Kisha aliona mstari wa udongo mwekundu umelizunguka jiwe, alama ya pale ardhi ilipokuwa ikiishia zamani, na mstari huo sasa ulikuwa juu ya ardhi kwa upana wa kidole.

"Mvua," alisema mkuu. "Inachukua udongo. Ndiyo maana tunawafundisha wanafunzi kupanda majani."

Ilikuwa inawezekana. Mpelelezi aliomba koleo. Alichimba mwenyewe ubavuni mwa jiwe mpaka chini ya kitako chake, futi mbili na zaidi, akauchambua udongo kwa mikono. Ulikuwa udongo mtupu, mwekundu, safi.

"Unatafuta dhahabu, afisa?"

"Natafuta kitu kisichooza."

Mkuu alicheka, akamshika kiwiko. Alisema mawe ni yaleyale, namba ni zilezile, na kwamba ana wanafunzi mia mbili ambao vyeti vyao havitakuwa na thamani ya karatasi ya kufungia karanga kama chuo hakitasajiliwa. Hilo lilikuwa kweli. Mpelelezi alifukia shimo. Kama angeandika taarifa dakika ile, ingebidi aandike kwamba mawe ni ya asili, na kwa maneno hayo manne ekari saba zingeondoka na aliyelala ndani yake.

*

Nyumba ya mjane ilikuwa ng'ambo ya uzio mpya wa seng'enge. Dirisha la jikoni lilitazama shamba moja kwa moja. Kijiti kilionekana kutoka pale, cheupe juu ya mahindi.

Mjane alikuwa mwembamba, mwenye kikohozi kikavu na mguu wa kulia uliovimba kiasi kwamba kiatu kilikuwa kimekatwa mbele. Mpelelezi aliutazama mguu ule, akatazama waya wa seng'enge wenye miiba mistari mitano, akafuta jina moja kwenye kijitabu chake.

Aliuliza hata hivyo, kwa sababu kazi ni kazi. Mjane alijibu kwamba kijiti hakukiweka yeye.

"Lakini kila asubuhi nakisalimia," alisema. "Nakiambia, umeamkaje. Usiniandike kichaa, mwanangu. Pale ndipo mpaka ulipokuwa. Mimi sijui hesabu zake, ila nimechuma kuni pale miaka thelathini. Aliyekiweka anajua."

Mpelelezi alimwomba amweleze alivyozikwa mumewe. Mjane alisema aliomba mwenyewe. Alipokuwa mgonjwa alitaka alazwe miguu ikielekea pembe ya shamba, hatua kumi kutoka kwenye jiwe la pili, ili alichunge. Wakamlaza hivyo. Miezi minane baadaye mjane alikwenda kulazwa hospitali kwa ajili ya mguu. Aliporudi kichaka kilikuwa kimefyekwa, jiwe halipo, uzio upo upande huu wa kaburi.

"Alipimia watu mashamba maisha yake yote," alisema. "Leo amelala nje ya mpaka wake mwenyewe."

Alisema hivyo akiwa anafuta meza ambayo ilikuwa safi.

Ukutani palikuwa na picha moja iliyofifia. Mpimaji kijana amesimama nyuma ya darubini yake ya miguu mitatu, shati limekunjamana kifuani na mikononi. Pembeni, mwisho wa picha, mkono wa mtu ulikuwa umeshika ncha ya mnyororo wa kupimia. Mtu mwenyewe hakuingia.

Mpelelezi alisema marehemu hakuwa mtu wa pasi. Kwa mara ya kwanza mjane alitabasamu. Alisema hilo ndilo lililowagombanisha miaka yote ya mwanzo. Kila akienda kupima alichota mkaa jikoni, kopo zima, na akiulizwa anasema ni wa pasi, huko aendako atanyoosha mashati. Alibeba na chupa tupu za kijani, akisema za maji.

"Mkaa wangu wa kupikia, mwanangu. Na anarudi shati limekunjamana kama uso wa bibi yangu. Nikamwambia, basi hiyo pasi unampigia nani? Hakunijibu. Nikanuna wiki mbili. Nilidhani ana mwanamke huko anayempelekea mkaa."

Mpelelezi aliacha kuandika. Aliuliza kama kuna yeyote aliyekuwa akienda naye.

Mjane aliuonyesha ule mkono pichani. Ni huyo, alisema, mshika mnyororo wake, anayetembea mbele na ncha ya mnyororo na kusimamisha vijiti vya kulengea. Mumewe alimchukua kama mdogo wake wa kuzaliwa. Alikula kwenye meza hii, akimwita yeye shemeji. Tangu mazishi hajakanyaga. Hata pole hakuleta. Alisikia tu kwamba amepata kazi mahali.

Hakujua ni wapi. Ukiacha hospitali na mahakamani, mguu ule haukuwa umempeleka popote zaidi ya kisimani kwa mwaka mzima.

*

Langoni mwa chuo mlinzi alimpa mpelelezi daftari la wageni asaini. Alikuwa mzee aliyenyooka, koti la kazi limefungwa vifungo vyote. Kibanda chake kilikuwa kidogo lakini kila kitu ndani yake kilisimama: fagio, mwavuli, fimbo ya kazi, vyote wima ukutani kwa nafasi sawa.

Mpelelezi aliandika jina na saa. Kwenye safu ya "unakotoka" aliandika "mahakamani", kama asubuhi. Mlinzi alimuuliza kama bado anataka kumwona mwalimu wa udongo, aliyemuulizia asubuhi. Ofisi yake iko hatua mia na sita kutoka hapa, baada ya zizi. Mpelelezi alishukuru. Alikuwa amekwisha kugeuka aliposikia sauti nyuma yake, ya chini, kama mtu anayejisemea.

"Shemeji kile kikohozi hakijampungua?"

Mpelelezi hakugeuka upesi. Alipogeuka, mlinzi alikuwa akiangalia daftari, na kidole chake kilikuwa kimesimama kwenye mstari usio na maandishi.

"Hakijapungua," alisema mpelelezi. "Anakohoa sana."

Mzee alitikisa kichwa. Mpelelezi alikwenda zake. Njiani alihesabu hatua, na alipoweka mguu mlangoni kwa mwalimu wa udongo zilikuwa mia na sita.

*

Mwalimu wa udongo alikuwa kijana mwenye miwani, msafi, mwenye uchungu wa mtu anayefundisha wasiosikia. Mpelelezi alimuuliza kama wanafunzi wamewahi kuchimba katika zile ekari saba. Akasema wamechimba, mwezi wa tatu, kabla mahindi hayajapandwa. Kila mwanafunzi huchimba shimo lake la futi nne, anakata ukuta wake sawasawa kwa kisu, anachora matabaka ya udongo kama anavyoyaona, anapima, anaandika. Mashimo hufukiwa siku hiyohiyo. Madaftari anayo yote.

Aliyatoa kabatini, thelathini na mbili, yamefungwa kwa uzi. Mpelelezi alikaa chini na kuyafungua moja moja. Tabaka la juu jeusi, la pili jekundu, la tatu jekundu lenye kokoto. Daftari la kumi halikutofautiana na la tisa. Mwalimu alisimama nyuma yake akieleza rangi.

La ishirini na sita lilikuwa na mchoro mzuri kuliko yote. Mwanafunzi alikuwa amechora ukuta wa shimo kwa penseli, na upande wa kaskazini, kuanzia futi mbili na nusu, alikuwa ametia doa jeusi lenye ukubwa wa sahani. Pembeni ameandika kwa mkono wa utulivu: *Mkaa, na vipande vya chupa ya kijani. Juu yake udongo umechanganyika kama uliowahi kuchimbwa. Mahali: hatua 93 kutoka jiwe la mpaka, kuelekea magharibi.*

Chini yake, kwa wino mwekundu: *Mkaa si tabaka la udongo. Usiniandikie takataka za watu.* Na alama: sifuri.

"Uliwafundisha kupima kwa hatua?" aliuliza mpelelezi.

Mwalimu alisema hapana, wanatumia utepe. Huyu binti alifanya makosa mengi siku ile. Aliwekewa shimo mahali pengine kabisa, akaenda kuchimba pale kwa kichwa chake. Ni binti wa mlinzi. Anasoma kwa hisani ya mkuu. Na mtu aliyepewa nafasi kwa hisani, alisema mwalimu, angejitahidi kufuata maelekezo.

Mpelelezi aligeuza daftari kumwelekea. Alimweleza kwamba baadhi ya wapimaji wa zamani hawakuliamini jiwe. Jiwe hung'olewa. Kwa hiyo kabla ya kulisimamisha walizika chini yake kitu kisichooza na ambacho mwizi hakitafuti: mkaa, vigae, chupa iliyovunjwa. Jiwe likihama, kile cha chini hubaki kinangoja. Chini ya bikoni ya leo asubuhi hakukuwa na kitu. Kitu chenyewe kiko hapa, hatua tisini na tatu kutoka pale, na kimeandikwa tangu mwezi wa tatu.

Mwalimu alivua miwani, akaifuta, akaivaa. Alisoma tena maandishi yake mwenyewe. Kisha alichukua kalamu mfukoni na kuuliza, kwa sauti iliyoshuka, kama anaweza kurekebisha alama.

"Usiguse," alisema mpelelezi. "Hiyo sifuri ni kielelezo. Inaonyesha kwamba uliisoma."

*

Mkaa wa shimo moja usingetosha. Wakili aliyesema kaburi si bikoni angesimama aseme mtu alichoma mahindi pale. Lakini mawe yaliyohama yalikuwa mawili. Kama aliyeyahamisha alizoea kuhesabu, angeyahamisha yote kwa hatua zilezile.

Saa tisa alasiri mpelelezi alisimama kwenye bikoni ya pili, ile ya upande wa kaburi. Mkuu wa chuo alikuwapo, kwa kuwa sheria inataka kila upande ushuhudie. Safari hii hakumshika mtu kiwiko. Mwalimu alikuja na daftari kifuani. Mjane alikuwa ng'ambo ya uzio, amekalia kigoda, mikono mapajani. Vibarua walikuwa wamejipanga kwa mbali na hakuna aliyewafukuza.

Mpelelezi alimwita mlinzi aje na koleo.

Mzee alikuja. Alipofika karibu na uzio alimwona aliyekaa kwenye kigoda, akasimama. Mjane alimtazama kuanzia buti hadi kofia.

"Shemeji," alisema mjane. Neno lilikuwa salamu tu. Mzee alihamishia koleo mkono wa pili.

Mpelelezi alimwambia atembee hatua tisini na tatu kuelekea magharibi. Mkuu aliuliza kwa nini mlinzi atembee na si yeye afisa. Mpelelezi akajibu kwamba hatua za huyu zimezoeleka.

Mlinzi alitembea. Aliingia kwenye mahindi bila kuinamisha kichwa, macho mbele, hatua zote za urefu mmoja, kama mtu anayevuta kitu kirefu nyuma yake. Alilipita kaburi kwa upande wa miguu. Aliposimama, mpelelezi alianza kutoka kaburini, pale miguu ya marehemu ilipoelekea, akahesabu kumi. Alikutana na mzee ana kwa ana. Kati ya buti zao hapakuwa na nafasi ya kuweka kitabu.

"Chimba," alisema.

"Sina haja ya kuchimba," alisema mzee. "Najua kilichomo."

"Wao hawajui."

Akachimba. Hakuchimba kama vibarua; alikata udongo kwa miraba na kuuweka pembeni. Mkuu alisema kitu kuhusu muda. Futi moja. Mbili. Udongo ulikuwa umechanganyika, mweusi kwa mwekundu. Kisha koleo likatoa sauti ndogo ya kioo.

Mzee alipiga magoti, akaendelea kwa mikono. Mkaa ulikuwa mwingi kuliko mpelelezi alivyotarajia, kopo zima, umelala kama ulivyomwagwa, na ndani yake vipande vya chupa ya kijani viling'aa kana kwamba chupa ilikuwa imevunjwa jana. Mpelelezi alipima kina, akapiga picha, akaandika saa. Mwalimu wa udongo aliinama, akaandika naye.

Mkuu wa chuo alikuwa mtu wa kwanza kusema. Alisema huyu mzee amenunuliwa, na kwamba leo hii hana kazi, na binti yake pia atafute pa kwenda.

Mlinzi hakusimama. Alisema akiwa palepale magotini, akimwambia mpelelezi, na mpelelezi aliyaandika kama yalivyotoka. Alisema marehemu alipozikwa kazi nayo ilizikwa. Hakuna anayemhitaji mshika mnyororo asiye na mpimaji. Mkuu alimpa lango, na akampa binti nafasi. Baadaye akamwita, akamwambia kuna mawe mawili. Alikataa mara moja. Mara ya pili mkuu alimtajia binti. Akayahamisha, mjane alipokuwa hospitali, kwa mtaimbo na toroli, akiyahesabia hatua ili yabaki sambamba, kwa sababu hakuwa amefundishwa kupinda mstari.

"Akaniuliza, umeyahamisha yote? Nikasema yote," alisema. "Niliwapa mawe. Mkaa sikuwapa."

Mpelelezi alimuuliza kwa nini hakuja mahakamani. Mzee alisema angesimama wapi, na nani angekaa na binti yake. Alifikiri mkaa ungejisema wenyewe. Alimwambia binti, chimba pale, andika utakachokiona, usiulize. Binti akaandika. Ikaja sifuri. Basi akaanza kusimamisha vijiti, kazi pekee aliyobaki anaijua.

Mwalimu alikuwa akitazama buti zake.

"Hukuja kunipa pole," ilisema sauti ya mjane kutoka uzioni.

Mzee aligeuka, bado amepiga magoti. "Nilikuwa nakuja, shemeji. Kila usiku. Nilikuwa naishia kwenye kijiti."

Yule mama mnene wa vibarua alisogea, akaweka kanga yake juu ya waya wa juu, akaukandamiza wa chini kwa mguu, na wenzake wawili wakamshika mjane huku na huku mpaka akapita. Mkuu aligeuka akaelekea ofisini, na njiani alionekana akitoa simu.

Mpelelezi alifunga mkaa kidogo na vipande vitatu vya chupa kwenye mfuko wa vielelezo, akautia namba. Uliobaki aliuacha mahali pake, kama mahakama inavyotaka, ili atakayepinga aje aone. Aliuandika ushuhuda wa mlinzi kurasa mbili, akamsomea, akampa kalamu. Mzee alisaini. Aliuliza kuhusu binti. Mpelelezi alisema hilo hakutumwa kuliandika. Baadaye kidogo akaandika, kwenye ukurasa wa mwisho, kwamba ushahidi wa kwanza katika shauri hili ulitolewa mwezi wa tatu na mwanafunzi wa chuo, na akaitaja namba ya daftari.

Mjane alikuwa amefika ukingoni mwa shimo. Alisaidiwa kukaa. Aliutazama mkaa muda mrefu, kisha akanyoosha mkono, akachukua kipande kimoja, akakigeuza kwenye mwanga. Kilimwachia weusi vidoleni. Mpelelezi angepaswa kumkataza, lakini alikuwa akitafuta kifuniko cha kalamu yake.

"Wa jikoni kwangu huu," alisema mjane. "Wiki mbili nilimnunia."

Alitazama upande wa kaburi, hatua kumi, hapohapo.

"Kumbe ndiyo maana shati halikunyooka."